Watoto 64, simu moja: filamu ya darasani inaanzia wapi?

SWALI

Mimi ni mwalimu wa Darasa la Tano katika shule ya msingi wilayani Muheza, Tanga. Nina wanafunzi 64 na simu janja moja, ambayo ni yangu mwenyewe. Nimeruhusiwa kutumia vipindi vya Sanaa na Michezo kwa wiki sita ili watoto watengeneze filamu. Nilipowauliza wanataka filamu ya nini, wakataja mama wa kambo, mganga na jambazi. Mkuu wa shule naye amesema ikitoka vizuri ataionyesha kwenye mahafali ya Darasa la Saba. Sijasomea filamu. Naanzia wapi, na nifanyeje ili watoto wote washiriki, si wale wanane wachangamfu tu?

JIBU

Mwalimu, pole na kazi.

Nianze na swali lako la mwisho, maana ndilo linalobeba mengine yote. Ukiamua kutengeneza filamu moja ya darasa zima, hao wanane wachangamfu wataigiza, wengine watano watabeba vitu, na waliobaki watakaa chini ya mwembe wakiambiwa wanyamaze kwa sababu kamera inarekodi. Hakuna upangaji wa zamu utakaoliondoa tatizo hilo. Filamu moja ina mhusika mkuu mmoja na kamera moja, na watoto wanajua mapema kabisa nani atapewa. Achana na filamu moja. Gawa darasa makundi manane ya watoto wanane, kila kundi litengeneze filamu yake ya dakika moja au moja na nusu, na ndani ya kundi simu ihame mkono kila shoti, yaani kila kipande kimoja kinachorekodiwa bila kukatwa. Shoti nane, watoto wanane, kila mmoja na shoti yake aliyoipiga kwa mkono wake. Ukiishikilia hesabu hiyo, fujo nyingi unazoziogopa hazitatokea.

Usione dakika moja ni kidogo. Ndani yake mna maamuzi tele: kamera isimame wapi, ianze kurekodi lini, nini kionekane na nini kifichwe, nani aongee na nani anyamaze. Mtoto wa miaka kumi au kumi na moja anaweza kuyafikiria maamuzi ya shoti nane kwa dhati na kuyatetea mbele ya wenzake. Ya shoti themanini hawezi, na wewe huwezi kuyasimamia. Filamu ndefu ya darasani mwisho wake huwa ni mwalimu peke yake, usiku, anahangaika kuunganisha vipande kwenye simu, na watoto siku ya maonyesho wanaangalia kazi ya mwalimu wao.

Wiki ya kwanza usilete simu kabisa. Tafuta manila au maboksi matupu dukani, kila mtoto akate dirisha la sentimita 16 kwa 9, ambao ndio uwiano wa picha ya video simu ikilazwa. Watoke nje, wafumbe jicho moja na kutazama kupitia dirisha hilo. Wakilileta karibu na uso wataona uwanja mzima, bendera, mwembe na vyoo kule nyuma. Wakinyoosha mkono, vitu vinapungua, pengine unabaki mlango wa ofisi peke yake. Hapo wameshajua picha pana na picha ya karibu kabla hujatamka neno lolote la kitaalamu. Swali la kuwauliza, na uliulize bila kuchoka, ni hili: umeacha nini nje? Watoto ni wepesi kutaja walichokiona. Kutaja walichokiacha kunawalazimisha watambue kwamba walichagua. Kisha wachore kwenye daftari masanduku matatu yenye umbo hilohilo, mahali pamoja mara tatu: kwa mbali, kwa wastani, kwa karibu. Usisahihishe uchoraji wao. Unachotafuta ni kama ukubwa wa kitu ndani ya sanduku unabadilika kwa sababu.

Wiki ya pili simu inaingia, lakini bado hakuna hadithi. Mwaka 1895 huko Ufaransa ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walianza kuonyesha filamu zao hadharani. Kila moja ilikuwa ya sekunde 50 hivi, kwa kuwa ukanda ulioingia kwenye kamera yao ulikuwa wa takriban mita 17 tu. Kamera imesimama mahali pamoja, haigeuki, picha haikatwi. Wafanyakazi wanatoka kiwandani, treni inaingia stesheni, basi. Kizuizi hicho cha zamani kimezaa zoezi bora kuliko yote ninayoyajua kwa watoto. Nchini Ufaransa upo mradi wa filamu mashuleni ulioanza katikati ya miaka ya 1990 na ulioratibiwa kwa miaka mingi na Cinémathèque française, hifadhi ya filamu ya Paris, na watoto wake hupewa zoezi hilohilo: dakika moja, kamera imetulia, hakuna kukata.

Kila mtoto achague mahali kwa dirisha lake la karatasi, aandike kwenye daftari ataweka kamera wapi na anatarajia kitu gani kitokee. Halafu arekodi, akae kimya, asubiri. Kusubiri ndilo somo lenyewe. Nakumbuka msichana mmoja aliyeiweka simu chini kabisa, usawa wa ndoo, mbele ya bomba la shule. Karibu nusu dakika tunaona miguu na ndoo tu. Maji yanajaa, yanamwagika, mkono unaingia unaondoa ndoo, nyingine inasukumwa mahali pake kwa kidole cha mguu. Kisha viatu vya mtu mzima vinasimama pembeni, na miguu yote mingine inarudi nyuma hatua moja. Uso hata mmoja hatukuuona. Darasa zima lilijua kwamba mwalimu amefika, na lilijua wale watoto walijisikiaje. Msichana yule hakuwa miongoni mwa wachangamfu. Kila ninapofanya zoezi hili, watoto wakimya ndio wanaonishangaza, kwa sababu wamezoea kutazama wakati wenzao wanaongea.

Fanya hesabu ya muda na nafasi kabla hujaanza. Watoto 64 kwa dakika moja ni dakika 64 za kurekodi, na ukiongeza kupokezana simu utahitaji vipindi vitatu vya dakika 40. Kama muda haupo, nusu dakika inatosha. Video ya 1080p, yaani ya ubora wa juu, kwenye simu nyingi hula zaidi ya MB 100 kwa dakika, kwa hiyo dakika 64 zitapita GB 6. Shusha ubora hadi 720p kwenye mipangilio ya kamera, utatumia karibu nusu ya hiyo, na kwa maonyesho ya shuleni hakuna atakayeona tofauti. Weka simu kwenye hali ya ndegeni kabla hujaikabidhi, ili isiingie simu ya shemeji katikati ya shoti na watoto wasikutane na ujumbe wako. Futa pia au hamisha picha zako za nyumbani. Kwa vile wanafunzi hawaruhusiwi kuja na simu shuleni, wengine itakuwa mara yao ya kwanza kuishika ya mtu mzima, na wataangalia kila kitu kilichomo.

Wiki ya tatu ndipo wanajifunza kuunganisha, na Muheza hukosi mahali pa kujifunzia. Mwombe muuza machungwa mmoja awaruhusu watoto wamtazame akimenya. Kumenya chungwa ni kitendo kifupi chenye mwanzo, kati na mwisho, na kinarudiwa mara nyingi kwa siku, hivyo kundi likikosea linasubiri chungwa linalofuata. Waache kwanza wapige shoti moja ya mbali: meza, muuzaji, mteja anakuja. Wataona wenyewe kwamba kisu hakionekani. Shoti ya pili wasogee, miguu yao ndiyo isogee, si vidole kukuza picha kwenye kioo, maana ukikuza hivyo picha inachakaa na mtoto anajifunza uvivu. Sasa ni mikono tu, chungwa linazunguka na ganda linashuka kama utepe bila kukatika. Shoti ya tatu ni uso wa mteja anayesubiri. Ya nne, kisu kinakata kisahani cha juu. Ya tano, mteja ananyonya, ameinama mbele ili asijichafue.

Wakishaziona shoti hizo tano kwa mfuatano, waulize kama chungwa lilimenywa lote. Wote watasema ndiyo. Hakuna shoti inayoonyesha likimenywa lote. Akili ya mtazamaji ndiyo imejaza. Siku watoto wanapogundua hilo darasa hubadilika, kwa sababu wanaelewa kwamba si lazima kuonyesha kila kitu, na kwamba zile tamthilia wanazoziangalia nyumbani zimetengenezwa na mtu aliyekaa akaamua kuruka hiki na kubakiza kile. Kaa sana kwenye kipindi hiki. Waambie wabadilishe mpangilio: uso wa mteja uanze kabla hatujaona chungwa. Anasubiri nini? Mbona ana hamu hivyo? Shoti ni zilezile ila hadithi imekuwa nyingine.

Huhitaji programu ya kuediti kwa haya. Simu nyingi za Android zina alama ya kusitisha unaporekodi video: unasitisha, unahamia mahali pengine, unaendelea, na mwisho wake ni faili moja lililokwisha kuungana. Watoto wanapojua kwamba hakuna kurekebisha baadaye, wanafanya mazoezi kabla ya kubonyeza, wanahesabu moja mbili tatu, wanasikilizana. Nazifahamu CapCut, InShot na nyinginezo, na unaweza kuzitumia mwaka wa pili. Mwaka wa kwanza ningekuomba usiziguse. Kwa simu moja, kuediti ni kazi ya mtoto mmoja huku 63 wakimzunguka.

Sasa mama wa kambo, mganga na jambazi. Usiwakemee. Wametaja wanachokijua kuhusu filamu, na ndani ya kila mmoja wa wahusika hao mna kitu cha kweli: kuonewa nyumbani, kuogopa, kutaka haki itendeke. Waulize wanataka mtazamaji ahisi nini, kisha uwape masharti matatu. Hadithi itokee mahali mnapoweza kufika kwa miguu ndani ya kipindi. Wahusika wawe watoto wa umri wao. Na kuwe na jambo moja linalobadilika kati ya mwanzo na mwisho, moja tu.

Sharti la pili ndilo watakalolipinga, na ndilo ninalolisimamia kuliko yote. Mtoto akiigiza mlevi, mganga au baba mkali, anaiga waigizaji aliowaona, sauti inapanda, darasa linacheka, hakuna kilichotazamwa. Mtoto akiigiza mtoto aliyefika shuleni amechelewa na kukuta geti limefungwa, anajua mikono yake ikae wapi. Anajua unavyohema, unavyojifanya unafunga kamba ya kiatu ili usitazamane na mwalimu wa zamu. Hadithi zilizotoka vizuri nilizoziona zilikuwa ndogo hivyo. Rafiki amerudisha rula ikiwa imevunjika, au mtoto mpya hajui akae dawati gani, au mbuzi amekula daftari na hakuna atakayeamini. Ukiwa na kundi lililong'ang'ania jambazi, waache wafanye filamu ya penseli iliyopotea. Hofu, mashaka na kumtuhumu asiye na hatia vyote vimo, na damu haihitajiki.

Kuna mipaka ambayo wewe kama mwalimu uiweke bila kujadiliana. Mtoto asitumiwe kusimulia kwenye filamu mateso yake halisi, hata akijitolea mwenyewe. Kama katika kupanga hadithi ukasikia jambo la kipigo au ukatili lililo la kweli, hilo si la filamu tena. Lipeleke kwa mwalimu wa malezi au afisa ustawi wa jamii kwa utaratibu uliopo.

Niseme jambo la mwanga, maana hapa ndipo kazi nyingi za mashuleni zinaharibika. Sare ya shule zetu ina shati jeupe. Simu inapima mwanga wa picha nzima, na shati jeupe kwenye jua pamoja na anga jeupe nyuma huifanya iamini kwamba pana mwanga mwingi mno, nayo inapunguza. Matokeo yake shati linaonekana vizuri na uso wa mtoto unakuwa giza, macho hayaonekani. Dawa yake ni rahisi: mpiga picha aguse uso wa mwigizaji kwenye kioo cha simu kabla ya kurekodi, na kwenye simu nyingi akishikilia kidole hapohapo mwanga unajifunga usibadilike. Aguse uso, asiguse shati. Kisha mgeuze mwigizaji ili anga lisiwe nyuma yake. Ukuta au majani ya mwembe ni bora. Epuka kurekodi juani kati ya saa tano na saa tisa, jua likiwa utosini na macho yakiwa yamezama kwenye kivuli. Asubuhi saa mbili hadi saa nne ni wakati wa dhahabu kwa shule, kama ratiba inakubali. Ndani ya darasa, mpiga picha asimame dirishani akiwa ameligeuzia mgongo, mwigizaji alitazame dirisha.

Kutulia kwa kamera hakuhitaji tripodi, ile stendi ya miguu mitatu. Rundo la madaftari juu ya dawati linatosha, au kopo la rangi lililojazwa mchanga, simu ikichomekwa kwenye mchanga ndani ya mfuko wa nailoni. Wakishika mkononi, viwiko vibane mbavu na pumzi ishikwe.

Sauti ni ngumu kuliko picha, nami sitakudanganya. Maikrofoni ya simu ipo karibu na unaposhika, vidole vinaifunika. Zaidi ya mita moja au mbili maneno yanamezwa na upepo, na madarasa yetu yana mabati juu na dari mara nyingi hakuna. Mvua ikinyesha kipindi cha kurekodi mazungumzo kimekwisha. Kabla hamjarekodi neno lolote, kaa na watoto nusu dakika, macho yamefumbwa, kisha waandike walichosikia: kuku, bodaboda, Darasa la Kwanza wakiimba, kengele ya jirani. Watakuja kuona kwamba kila mahali pana sauti yake, nao wataanza kuitumia badala ya kupigana nayo.

Lakini ipo njia ninayoipenda zaidi, na ni yetu kabisa. Watengeneze filamu isiyo na mazungumzo, na siku ya maonyesho mtoto mmoja asimame pembeni ya kioo asimulie kwa sauti yake. Ndivyo watu wengi wa vibanda vya video walivyozijua filamu za Hong Kong na India: Lufufu hapa Tanzania, DJ Afro kule Kenya, wakisimulia kwa Kiswahili juu ya picha za wengine, wakiweka utani, tahadhari na hekima zao. Wazazi wa wanafunzi wako wanalijua jambo hili vizuri. Kwa mtoto hii ni kazi ya Kiswahili ya kiwango cha juu: achague maneno, apime mwendo wake uendane na picha, ajue mahali pa kunyamaza. Anayesema picha inachoonyesha tayari anapoteza nafasi. Anayesema mhusika anawaza nini anaongeza. Mpe kila msimuliaji mazoezi matatu au manne na picha, na kundi zima liandike maneno yake pamoja. Tatizo la mabati limekwisha, na umepata kazi ya uandishi unayoweza kuitolea alama.

Wakati kundi moja linarekodi nje, saba yaliyobaki yanafanya nini? Yawe na kazi ya mezani iliyo ya kweli: kuchora shoti nane kwenye masanduku manane, kuandika usimulizi, kutengeneza vifaa. Na kundi lililo nje liwe na majukumu manne yanayozunguka kila shoti. Anayeongoza ndiye pekee anayesema "tayari" na "kata". Anayepiga picha hasemi. Mtunza kumbukumbu anaandika namba ya shoti na kama ilikubalika. Mlinzi wa mazingira anasimama njiani kuwaomba wapita njia wasubiri, kwa adabu. Waliobaki wanaigiza. Wewe simama mbali, ukionekana lakini usisikike.

Kusimama mbali ni kugumu, najua. Mtoto ameweka kamera mahali pabaya, mkono wako unawasha. Uzuie. Usiishike simu, usiiegemeze, usiseme "sogea kushoto kidogo". Wakishaangalia walichorekodi, uliza tu, "Mlitaka tuone nini?" Wakisema uso na uso hauonekani, wataomba kurudia wenyewe.

Nina sababu ya kulisisitiza hili kwako hasa, mwalimu wa Tanga. Si mbali na Muheza, Vugiri, wilaya ya Korogwe, kati ya mwaka 1935 na 1937 kulikuwa na kituo cha majaribio ya filamu za elimu kwa Waafrika, chini ya Waingereza Notcutt na Latham. Walitengeneza filamu zipatazo 35 kuhusu kilimo, afya na mengineyo, wakazizungusha kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Wenyeji waliigiza, na wenyeji walitazama. Uamuzi wa nini kionyeshwe, na mtu wa kijijini aonekane vipi, ulikuwa wa wageni waliokuja na mafunzo yao mkononi. Leo mjukuu au kitukuu wa waliokaa mbele ya lori lile amesimama uwanjani kwako na simu, anaamua. Mwachie uamuzi wake, hata ukiwa si ule ambao ungeufanya wewe.

Kuhusu ridhaa ya wazazi, usiifanye kwa mazoea. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na picha ya mtoto anayetambulika ni taarifa yake. Andika barua fupi kwa Kiswahili chepesi: watoto watafanya nini, picha zitaonyeshwa wapi, nani atazihifadhi, na kwamba mzazi anaweza kukataa bila mtoto kupoteza chochote. Tenganisha maswali mawili, moja la kuonekana kwenye filamu ya shuleni na jingine la filamu kutoka nje ya shule, kwa kuwa wengi watakubali la kwanza na kukataa la pili, na wana haki. Na wewe usiweke kipande chochote kwenye status ya WhatsApp wala TikTok, hata kiwe kizuri vipi. Muulize pia mtoto mwenyewe. Kama mnarekodi nje ya uzio wa shule, mkuu wa shule atoe taarifa serikali ya kijiji au mtaa, na muuza machungwa aombwe kwa heshima siku moja kabla.

Watoto ambao wazazi wao wamekataa wasikae pembeni. Kundi lao, au kundi lolote linalopenda, litengeneze filamu ya vitu: mbegu za maharage, vizibo vya soda, sanamu za udongo wa mfinyanzi. Unapiga picha, unasogeza kitu upana wa ukucha, unapiga nyingine. Picha 12 kwa sekunde zinatosha kitu kionekane kinatembea, hivyo sekunde 10 ni picha 120. Watoto wafanye hesabu hiyo wenyewe ubaoni kabla ya kuanza, watanyamaza kidogo. Programu ya Stop Motion Studio inaunganisha picha hizo na unaweza kuanza nayo bila malipo. Simu isiguswe mahali pake, na vivuli vya watoto visiingie, basi. Uso wa mtu hauhitajiki, na mara nyingi filamu hizi ndizo wadogo wa Darasa la Pili wanazoomba zirudiwe.

Ukitaka kuunganisha na Sayansi, otesha mbegu kwenye pamba ndani ya glasi, weka alama ya chaki mahali simu inapokaa, na mtoto mmoja apige picha moja kila asubuhi. Haili muda wa kipindi.

Alama usizipe kwa uzuri wa filamu. Kundi lililobahatika kupata asubuhi yenye mwanga mzuri litaishinda nyingine bila kustahili. Mwite kila mtoto mbele ya shoti yake, umuulize maswali mawili: kwa nini ulisimama pale, na ungerudia ungebadilisha nini. Anayejibu "kwa sababu nilitaka tuone mkono unatetemeka" amefaulu hata kama picha imepinda. Anayejibu "mwalimu alisema" bado, na hapo kasoro iangalie upande wako pia.

Maonyesho fanyeni kwanza darasani, kwa watoto wenyewe. Mkipata projekta vizuri. Mkikosa, televisheni ya ofisi au kompyuta mpakato, makundi mawili mawili kwa zamu, madirisha yakifunikwa kwa kanga. Baada ya kila filamu watazamaji waseme walichokiona kabla hawajasema walichokipenda. Ukiruhusu sifa na kejeli zianze, hakuna atakayesema kitu kingine.

Limebaki la mkuu wa shule. Mahafali yanahitaji video ya shule: majengo, ufaulu, hotuba, kwaya. Ni hitaji halali, ila si kazi hii. Zikichanganywa, itabidi mtu achague watoto nadhifu na kuondoa bomba linalovuja nyuma ya picha, na mwisho mtu mzima atashika kamera. Mwendee mapema, sasa, wiki hii, umwambie utamsaidia kupata video ya mahafali kwa siku nyingine na mtu mwingine. Kisha umwombe dakika kumi na mbili za ratiba kwa ajili ya filamu nane za Darasa la Tano, zote nane, bila kuchagua iliyo bora, kila moja na msimuliaji wake amesimama pembeni ya kioo. Kabla ya siku hiyo hakikisha ridhaa za wazazi zinaruhusu wageni kutazama. Baada yake nakili mafaili kwenye flashi mbili, moja ikae ofisini na moja kwako, ufute picha za watoto kwenye simu yako.